Kikundi cha ukoo: mtoto hapokei simu

06:14 Mama: Habari za asubuhi wote, poleni na kazi. Jamani kuna mtu ameongea na Kitinda wetu huko chuoni wiki hii? Mi tangu Jumatatu napiga inaita mpaka inakata, meseji naona tiki mbili hajibu, jana usiku ndo kanijibu neno moja, "nipo". Nipo tu basi. Sijalala

06:20 Mjomba: Dada usijipe presha bure, mitihani imekaribia huyo atakuwa anapiga msuli. Mwache asome

06:21 Mjomba: Na mnamdekeza pia, sisi tulisoma hatuna hata simu na tulimaliza

06:33 Dada: Shikamoo mama, shikamoo mjomba. Mama nilitaka kukupigia tangu juzi nikawa sijui nianzie wapi. Yule anayelala naye chumba kimoja kanitafuta

06:33 Mama: Marahaba mwanangu. Sema tu

06:39 Dada: Anasema mdogo wangu ana kama wiki tatu hayuko sawa. Testi mbili hajafanya, wenzake wa asaimenti wamemtoa jina kwenye kikundi maana hatokei. Usiku yuko macho mpaka saa tisa saa kumi, hasomi, anaangalia simu tu, asubuhi haamki. Kuna siku jamaa katoka kwenda kipindi cha saa mbili kamwacha amekaa ukingoni mwa kitanda, kiatu kimoja kiko mguuni kingine kakishika mkononi anakiangalia. Karudi saa sita kamkuta vile vile, kiatu bado mkononi. Alivyomuuliza kasema "nilikuwa najiandaa"

06:41 Mama: Mungu wangu

06:52 Baba: Nimesoma. Mi sielewi. Ada ya semista nimelipa yote, hela ya matumizi inaenda kila mwezi haijawahi kuchelewa, sasa anawaza nini? Mtoto wa kiume ajikaze. Nampigia leo aniambie ukweli kama kajiingiza kwenye makundi

07:05 Shangazi: Kaka subiri, usimpigie ukiwa na hasira. Nimetoka zamu ya usiku hospitali sa hivi, nakaa niandike vizuri

07:16 Shangazi: Msongo wa kawaida kila mwanafunzi anao. Mtihani ukikaribia moyo unaenda mbio, usingizi unapungua, mwili unamwaga ile homoni ya kotisoli ikusaidie kukabiliana na jambo, mtihani ukiisha unalala siku nzima unaamka mzima. Shida ni pale isipoisha. Mtu akiwa na wiki mbili au zaidi, karibu kila siku moyo mzito, hafurahii hata vile alivyokuwa anavipenda, usingizi umevurugika, kula kumevurugika, akili haitulii kwenye kitu, anajiona si kitu, sisi kazini hatusemi huyu mvivu, tunaanza kufikiria sonona. Na sonona ni ugonjwa kama ugonjwa mwingine, una matibabu na watu wanapona. Huyu mnaniambia wiki tatu

07:19 Mjomba: Sonona kwa mtoto wa miaka 20? Hayo ni mawazo ya watu wazima wenye familia

07:24 Shangazi: Shemeji hapo ndo wengi tunapokosea. Kuna utafiti unatajwa sana, ulikuta nusu ya matatizo ya akili yanaanza mtu akiwa na miaka 14 kurudi chini, na robo tatu yanakuwa yameshaanza akifika 24. Umri wa chuo uko mule mule ndani. Na ni umri huo huo tunamtoa nyumbani peke yake, tunamwambia wewe ndo tumaini letu, usituangushe

07:30 Baba: Kwa hiyo asisukumwe? Bila kusukumwa nani atasoma

07:38 Shangazi: Kusukumwa kidogo kunasaidia kaka sikatai. Kuna utafiti wa zamani sana tulifundishwa darasani, wa mwaka 1908, wa watu wawili Yerkes na Dodson, walikuwa wanafundisha panya kuchagua kisanduku, wakikosea wanapigwa shoti ndogo ya umeme. Kazi ikiwa rahisi shoti kali iliwafanya wajifunze haraka. Kazi ikiwa ngumu, shoti kali iliwachelewesha kuliko ya wastani. Chuo ni kazi ngumu. Ukiongeza shoti juu ya shoti akili inafunga

07:41 Mjomba: Lakini shemeji sisi tulikuwa tunakesha na tunafaulu

07:46 Shangazi: Mlikesha usiku mmoja miwili mkalala. Kijana wa umri wake anatakiwa apate saa 7 mpaka 9, na ubongo unapanga kile ulichosoma mchana wakati umelala, kwa hiyo anayekesha wiki nzima ni kama anachota maji kwa pakacha. Alafu wanakunywa vile vinywaji vya kuongeza nguvu, ile kafeini iliyomo ya kufukuza usingizi nusu yake inakuwa bado iko mwilini baada ya saa 5 hivi, akinywa saa nne usiku saa tisa bado iko naye

07:58 Dada: Naomba na mi niseme kitu ambacho sijawahi kukisema humu

08:10 Dada: Mwaka wangu wa pili ilinitokea hivi hivi. Naenda maktaba asubuhi nafungua kitabu, nasoma mstari, nafika mwisho sijui nimesoma nini, narudia, narudia, mpaka wanafunga taa bado niko ukurasa ule ule. Nikarudi chumbani nikalia nimeziba mdomo na mto ili mwenzangu asisikie. Nikapata sapu mbili, mitihani ya kurudia. Niliogopa kudisko, yaani kuondolewa chuo kwa kufeli, kuliko nilivyoogopa kufa na hiyo sisemi kwa kutia chumvi. Sikuwaambia kwa sababu kila mkinipigia baada ya salamu swali ni masomo vipi, matokeo vipi, umekuwa wa ngapi. Nikawa nikiona simu ya nyumbani inaita tumbo linakata. Nawapenda lakini simu yenu ilikuwa kama mtihani mwingine

08:14 Mama: Mwanangu. Mwaka ule uliniambia una homa

08:15 Dada: Ndiyo mama. Homa inaelezeka

08:15 Mama: Nisamehe

08:18 Dada: Hukujua mama. Kilichonitoa ni mhadhiri mmoja alinirudisha nyuma baada ya kipindi, akafunga mlango, akaniuliza "unalala?" Hakuuliza kazi yake iko wapi, na ilikuwa imechelewa siku kumi. Nikaanza kulia pale pale. Akanipeleka mwenyewe kwa mshauri wa wanafunzi, nikaenda kila wiki karibu semista nzima. Tulikuwa tunaongea tu, ananifundisha kukamata lile wazo la "mimi nimefeli maisha" na kuliuliza ushahidi wako uko wapi. Polepole nikarudi

08:29 Bibi: (Bibi anaongea mi namwandikia) Wajukuu zangu na wanangu hamjambo. Nimesomewa yote. Huyo mtoto ana mawazo. Mawazo yakizidi yanakula mtu huku anatembea. Msimgombeze. Kila mtu anataka kumwambia kitu, nani atamsikiliza? Mimi nitampigia, simuulizi masomo kwani hata nikiambiwa siyajui

08:36 Shangazi: Shikamoo mama. Kuna nchi wamefanya kazi hiyo hiyo unayoitaka. Zimbabwe, mji wa Harare, mwaka 2006, daktari wa magonjwa ya akili anaitwa Dixon Chibanda aliona madaktari wa fani yake hawatoshi kabisa, akafundisha bibi 14 wa mtaani, wanakaa na mgonjwa kwenye benchi nje ya kituo cha afya, wanamsikiliza, wanamsaidia kuchagua tatizo moja la kuanza nalo. Na kule kwa Kishona hawasemi sonona, wanasema kufungisisa, yaani kuwaza kupita kiasi, neno lako lile lile la mawazo. Mwaka 2016 wakatoa utafiti kwenye jarida kubwa la madaktari, waliokaa kwenye benchi walikuwa na nafuu kubwa kuliko waliopata huduma ya kawaida

08:38 Bibi: Sasa mbona mmechelewa kuniita

08:44 Dada: Jamani

08:44 Dada: Samahani nimeangalia sa hivi. Kitinda yumo humu kikundini. Anasoma kila tunachoandika tangu asubuhi

08:45 Mama: Yesu

08:45 Mjomba: Mi nilijua alishatoka

08:47 Dada: Msifute kitu. Mkifuta ataona mmefuta itakuwa mbaya zaidi

08:59 Mjomba: Mjomba wangu kama unasoma, yale ya kudekezwa nayarudisha. Niliongea nikiwa sijui

09:31 Kitinda: Shikamooni wote. Nimesoma yote

09:40 Kitinda: sijui niandike nini. Sina makundi baba, sivuti kitu wala sinywi. Sijui ilianza lini, nadhani ni baada ya yale matokeo ya semista ya kwanza nilipowaambia nimefanya vizuri na sikufanya vizuri, nikasema nitafidia hii mpya alafu nikiona kitabu nakumbuka nimewadanganya nafunga, sasa kila siku ninayopoteza inaongezeka juu ya jana na sasa hivi nikifikiria kuanza sioni pa kuanzia, hata kuoga naona ni kazi kubwa. Kile kiatu ni kweli. Nilikuwa nakiambia mguu uingie. Sio kwamba sitaki. Nilikuwa naogopa simu zenu kwa sababu mngesikia sauti

09:42 Bibi: Mjukuu wangu pokea simu ya bibi

09:42 Kitinda: sawa bibi

10:25 Bibi: Tumeongea. Tumeongea mambo ya zamani na kidogo ya sasa. Amelia kidogo amecheka kidogo. Shangazi yenu sasa zamu yake, wengine tulieni msimpigie wote kwa pamoja mkamchosha

11:20 Shangazi: Nimeongea naye kama saa nzima. Nilimuuliza moja kwa moja kama amewahi kuwaza kujiua, nawaambia hili kwa ruhusa yake. Watu wanaogopa kuuliza wakidhani wanampa mtu wazo, siyo, kumuuliza hakumpandikizii kitu, wengi wanapata ahueni kwamba mtu kathubutu kulitaja. Kanijibu ukweli. Kuna usiku anatamani asiamke, hana mpango wowote. Hata hivyo hatulichukulii poa, leo halali peke yake, yule jamaa wa chumbani kasema hatoki, na mchana huu wanaenda pamoja kumwona daktari. Ingekuwa ana mpango ningemwambia apelekwe hospitali dakika hiyo hiyo na asiachwe hata kwenda chooni peke yake. Mengine aliyoniambia ni yake

11:24 Mama: Na mitihani wifi? Nauliza tu sio kwamba ndo muhimu

11:30 Shangazi: Unauliza la maana. Aombe kuahirisha kabla mitihani haijaanza, vyuo vingi vina utaratibu kwa mgonjwa mwenye karatasi ya daktari, asije akapotea tu kimya kimya ikahesabiwa kakimbia. Barua tutaandika naye, mshauri wa wanafunzi atamwonyesha pa kuipeleka. Na daktari akimwanzishia dawa mjue hazifanyi kazi siku ile ile, zinachukua wiki kadhaa, msije mkamwambia baada ya siku nne mbona hupati nafuu acha hizo dawa. Haziachwi ghafla, wala haziachwi kwa sababu mtu anajisikia vizuri, ni mpaka daktari aseme

11:33 Mjomba: Na sisi tufanye nini maana mi nikikaa bila kufanya kitu najisikia vibaya

11:39 Dada: Mjomba mtumie meseji isiyotaka jibu. Mfano "nimekukumbuka, si lazima ujibu". Mi mwaka ule ningepata moja tu ya hivyo ningeihifadhi mpaka leo. Na msimwambie wenzako wana shida kuliko wewe, hiyo niliambiwa, nikaongeza aibu juu ya yale niliyokuwa nayo

11:52 Baba: Nimekaa kimya nilikuwa nasoma upya toka juu. Kila Jumapili nampigia, nikajaribu kukumbuka mara ya mwisho nimemuuliza kitu kisichokuwa masomo nimeshindwa. Nilidhani ndo kumjali. Mimi baba yangu hakunipigia kabisa, nikaona mi nimejitahidi

11:53 Shangazi: Umejitahidi kaka

11:54 Baba: Nimeomba ruhusa kazini. Naondoka sasa hivi

11:56 Kitinda: baba usijisumbue ni mbali

11:57 Baba: Najua ni mbali

12:03 Kitinda: kuhusu yale matokeo

12:04 Baba: Hatutaongelea matokeo leo. Wala kesho. Ukitaka wewe siku moja tutaongelea

15:48 Kitinda: tumetoka kwa daktari. Ni mama mmoja mpole. Kanipa karatasi ina maswali 9 ya wiki mbili zilizopita, nijaze mara ngapi hiki mara ngapi kile. Nilivyoyasoma nikashangaa kumbe kuna watu walishayaandika haya kabla yangu. Ijumaa narudi kwake, na kuna mshauri nitakuwa naonana naye kila Jumanne

15:50 Mama: Asante mwanangu kwa kutuambia. Umekula?

15:51 Kitinda: nusu

15:51 Mama: Nusu inatosha

19:26 Baba: Nimeshuka. Niko hapa getini kwenye kiti cha walinzi, wamenipa nafasi. Hakuna haraka, vaa viatu vyako taratibu, nakusubiri hata ikiwa saa nzima

19:27 Kitinda: nakuja

19:44 Mama: Dada hebu nitumie namba ya yule kijana anayelala naye, nataka niongee na mama yake nimwambie amelea