Jina la ukoo Deogratias: asili yake, maana yake na tahajia iliyo sahihi

Mjukuu wa Bagamoyo
Ndugu zangu, naomba msaada wenu. Jina letu la ukoo ni Deogratias, ambalo kwa asili lilikuwa jina la ubatizo la babu. Cheti chake cha ubatizo, ambacho bibi amekihifadhi ndani ya Biblia hapa Bagamoyo, kimeandikwa kwa mkono kwa wino uliofifia, lakini herufi *a* kabla ya *s* ya mwisho bado inasomeka vizuri. Hata hivyo, katika vyeti vya kuzaliwa vya baba na changu tumeandikwa Deogratius, na karani mmoja alishikilia kwamba hiyo ndiyo sahihi kwa sababu majina ya watakatifu wa kiume huishia na *-us*. Je, jina hili lilitoka wapi, lina maana gani, na tahajia ipi ni ya kweli?

Mwalimu wa Dunda
Dada yangu, cheti cha babu kiko sahihi. Deogratias si neno moja bali ni maneno mawili ya Kilatini yaliyounganishwa: *Deo*, yaani "kwa Mungu", na *gratias*, yaani "shukrani". Ni lile itikio ambalo Wakatoliki wote tunalijua, kwa kuwa msomaji anapomaliza somo na kusema "Neno la Bwana", sisi hujibu "Tumshukuru Mungu". Katika Misa ya Kilatini jibu hilo lilikuwa *Deo gratias*. Karani wako alilifananisha na majina kama Antonius na Marcus, ambayo *-us* yake ni alama ya jina la kiume, lakini hapa hakuna alama ya namna hiyo, maana ni tamko la shukrani tu. Deogratius imeenea mno nchini, wala simlaumu aliyeandikwa hivyo tangu utotoni, ila asili yake ni *-as*.

Katekista Mstaafu
Naongeza upande wa historia, kwani jina hili ni la Afrika tangu zamani sana. Wakristo wa Afrika ya Kaskazini walipenda kuwapa watoto majina yaliyo sala nzima: mtoto wa Mtakatifu Augustino aliitwa Adeodatus, yaani "aliyetolewa na Mungu", na askofu mmoja wa Kartago, katika Tunisia ya leo, aliitwa Quodvultdeus, "atakalo Mungu". Mtakatifu Deogratias naye alikuwa askofu wa Kartago kuanzia mwaka 454. Wavandali, kabila la Kijerumani lililokuwa likiitawala Kartago, walipoiteka nyara Roma mwaka 455 na kuleta mateka wengi Kartago, ambako waume walitenganishwa na wake zao na watoto na wazazi wao, askofu huyo aliuza vyombo vya dhahabu na fedha vya kanisa ili awakomboe, akageuza makanisa mawili makubwa kuwa malazi yao, na ingawa alikuwa mzee aliwazungukia wagonjwa hata usiku.

Sisi wa Bagamoyo tuna sababu ya kuisikiliza habari hiyo kwa makini. Mapadri wa Roho Mtakatifu walipofungua misioni hapa mwaka 1868, walipokea watoto waliokombolewa utumwani. Sisemi kwamba jina la babu yako lilitokana na hayo, lakini kila nikilisikia linaitwa kanisani hapa, huwakumbuka wale mateka wa Kartago.

Msomaji wa Tanga
Jambo moja dogo: kwa kuwa kwetu jina la babu ndilo hugeuka kuwa jina la ukoo, akina Deogratias wawili wanaweza wasiwe na undugu wowote. Kuhusu vyeti vinavyopishana, mwone wakili akuandalie hati ya kiapo inayoeleza kwamba majina hayo mawili ni ya mtu mmoja.

Mjukuu wa Bagamoyo
Mwalimu na Katekista, shikamooni, na nawashukuru nyote. Jana jioni nilimsomea bibi majibu yenu. Alinyamaza kitambo, kisha akaniambia kwamba mama yake babu alikuwa amezika watoto wawili kabla ya kumpata yeye, na kwamba jina la Deogratias lilikuwa la kanisani na shuleni tu. Nyumbani mama yake alimwita Shukuru.