Kurasa za Paul van Ostaijen ukutani: zimetoka hovyo, tunakosea wapi?

MkaziChumbageni
Wakuu, habari za mchana. Kikundi chetu cha mashairi hapa Tanga kinaandaa jioni ya Paul van Ostaijen, yule mshairi Mflemi (Mbelgiji wa kaskazini, msema Kiholanzi) wa mji wa Antwerp. Tumetafsiri kurasa nne za Bezette Stad (1921), yaani mji uliokaliwa na adui, tukapeleka steshenari zichapwe A3 za kubandika ukutani. Maneno yaliyokuwa yakiteremka kama ngazi yamelala mstari mmoja, na herufi kubwa zimekatwa pembeni. Halafu kuna ubishi: wengine wanataka tutie vina na mizani ili wasikilizaji wasichoke. Mnashaurije?

FundiHerufi
Bila shaka mlipanga ngazi kwa kubonyeza kitufe cha nafasi. Faili la Word likifunguliwa kwenye kompyuta isiyo na fonti (muundo wa herufi) yenu, linaazima nyingine, upana wa nafasi unabadilika, ngazi inaporomoka. Kila fungu la maneno lipeni kisanduku chake, mkipime kwa milimita kutoka ukingo wa juu na wa kushoto. Anzeni na karatasi ya A3 yenyewe (297 kwa 420), acheni milimita 10 kila upande kwa sababu printa nyingi hazifiki ukingoni. Hifadhini PDF yenye fonti ndani yake, na mwambieni kijana wa steshenari achape kwa ukubwa halisi, asibonyeze "fit", inayobadilisha ukubwa wa ukurasa.

Maneno yetu ni marefu kuliko ya Kiflemi. Kwa mfano, neno kubwa linaloiga mlio wa ngoma lisipotosha nafasi, msilipunguze, punguzeni majirani zake. Na msipake rangi! Wino wa rangi ni wa muswada wake mwingine, De feesten van angst en pijn, alioandika kwa mkono na ukachapishwa baada ya kufa kwake.

KaskaziniMashariki
Vina hapana, jamani. Antwerp ilianguka mikononi mwa Wajerumani Oktoba 1914, wiki chache tu kabla ya Waingereza kuteremsha jeshi Raskazone, hapa Tanga. Van Ostaijen alikuwa karani wa manispaa ya mji huo. Mwishoni mwa 1918 siasa zake za kutetea Waflemi zikamkimbiza Berlin, na huko ndiko alikoandika kitabu hiki: vichwa vya magazeti, matangazo, vipande vya nyimbo, bandari iliyokufa, sinema tupu. Mji umepasuka, na ukurasa nao umepasuka. Mkiufunga kwa mizani nane kwa nane mtakuwa mmeukarabati, na hilo silo alilolitaka.

Kusoma ni hivi: ukubwa wa herufi ni nguvu ya sauti, weupe wa karatasi ni kimya. Wekeni wasomaji watatu, mmoja wa herufi kubwa tu, mmoja wa ndogo, wa tatu wa maneno ya lugha za kigeni, ambayo msiyatafsiri. Weupe wa mstari mmoja upeni pumzi moja, wa nusu ukurasa hesabuni kimoyomoyo hadi nne. Kosa la kawaida ni msomaji kuogopa kimya na kukijaza kwa haraka, na hapo shairi lote linageuka makelele.

Wanaotaka kughani wapeni shairi lake "Melopee". Mwezi, mto, mtumbwi na bahari vinarudi na kurudi, mdundo unatembea wenyewe. Ni la miaka yake ya mwisho, alipokwisha kuachana na fataki za herufi. Kifua kikuu kilimuua Machi 1928, ana miaka 32. Kwangu mimi hilo ndilo bora kuliko Bezette Stad nzima, ila ukutani halina la kuonyesha.

MkaziChumbageni
Ahsanteni sana. Na michoro ya kitabuni iliyochongwa kwenye mbao ikachapwa, tunaweza kuibandika?

FundiHerufi
Hapo tahadhari. Ubelgiji hakimiliki hudumu miaka 70 baada ya kifo, kwa hiyo maneno ya Van Ostaijen ni huru tangu 1999. Michoro ni ya Oscar Jespers, ndiye aliyeshughulikia pia mpangilio wa herufi, na amefariki 1970. Kwa sheria ya huko bado ina mwenyewe. Na kama mlitafsiri kupitia Kiingereza cha mtu mwingine, huyo mtafsiri naye muombeni ruhusa kabla ya kubandika.