Mjadala: Maajenti wa SOE waliouawa na Wajerumani, ofisi ya London ina lawama au ndiyo hatari ya kazi?

Wakuu habari zenu. Leo naomba tujadili kitu ambacho kimenikaa kichwani muda mrefu, na naomba tubishane kwa hoja. Swali lenyewe ni hili: wale maajenti ambao Uingereza iliwatuma kwa siri Ufaransa na Uholanzi wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, wakakamatwa na kuuawa, je ofisi iliyowatuma inabeba lawama au tuseme tu walijua wanakokwenda na yaliyowapata yamewapata?

Kwa ambaye hajawahi kufuatilia, SOE ilikuwa idara ya siri iliyoundwa Julai 1940, ofisi zake Baker Street pale London, kazi yake kuingiza watu kwenye nchi zilizokaliwa na Wajerumani, walipue reli na viwanda, wagawe silaha kwa wapiganaji wa chini kwa chini na kurusha taarifa kwa redio. Kitengo cha Ufaransa peke yake, mkuu wake akiwa Maurice Buckmaster, kilipeleka watu zaidi ya 400 na kati yao wanawake 39. Kule Valençay, Ufaransa, kuna mnara wa kumbukumbu wenye majina 104 ya wa kitengo hicho ambao hawakurudi, wanaume 91 wanawake 13. Piga hesabu mwenyewe, ni kama mmoja katika kila wanne.

Msimamo wangu nauweka mezani mapema ili asiwepo wa kusema nimezunguka: London ina lawama, na lawama yenyewe ni kubwa. Na sababu yangu sio kwamba kazi ilikuwa ya hatari, hilo kila mtu alilijua, waliambiwa kabisa kwamba nafasi ya kurudi hai ni nusu kwa nusu na wakapewa kidonge cha sumu kwa anayetaka. Sababu yangu ni kitu kidogo sana kinaitwa alama ya usalama.

Iko hivi. Kila opereta wa redio kabla hajaondoka alikubaliana na ofisi yake kwamba kwenye kila ujumbe ataweka kosa fulani la makusudi, mfano herufi fulani ikifika sehemu fulani anaiandika vibaya. Ujumbe ukifika London ukiwa na lile kosa, maana yake yuko salama. Ukifika msafi hauna kosa, maana yake ameshikwa na anaandika huku bunduki iko kisogoni. Baadae wakaweka na ya pili, yaani alama moja ya kuwapa Wajerumani ukibanwa sana na nyingine ya kweli unayokufa nayo. Huu ulikuwa mkataba jamani. Ajenti anaahidi kwamba hata akiteswa hataitoa ile ya kweli, na ofisi inaahidi kwamba ikikosekana itaelewa na itachukua hatua. Sasa ukisoma yaliyotokea unakuta watu wa chini walitimiza upande wao wakiwa mikononi mwa Gestapo (polisi wa siri wa Ujerumani), na waliokaa ofisini hawakutimiza upande wao.

Anza na Uholanzi. Machi 1942 opereta Huub Lauwers anakamatwa The Hague. Hermann Giskes wa ujasusi wa jeshi la Ujerumani anamwambia arushe ujumbe London kama kawaida, Lauwers anakubali kwa sababu ana uhakika wataona alama haipo. Anarusha bila alama. London inajibu kama hakuna kitu. Anarusha tena, tena bila alama, inajibiwa tena. Mpaka akajaribu kuchomekea herufi za neno la Kiingereza la kusema nimekamatwa, katikati ya herufi za kujazia, na bado hakuna aliyeshtuka. Badala ya kushtuka London ikaanza kutuma watu na silaha kwenye viwanja ambavyo wanaopokea chini ni Wajerumani wenyewe. Mtu anaruka na parachuti usiku anatua anapokelewa kwa Kiholanzi safi anapewa mkono, dakika chache baadae anavishwa pingu. Jambo hili liliendelea mpaka karibu mwisho wa 1943, zaidi ya maajenti 50 walinaswa hivyo hivyo mmoja baada ya mwingine na wengi wao wakauawa kambi ya Mauthausen Septemba 1944.

Kuna kisehemu hapo kinaniuma kuliko vyote. Agosti 1943 wawili kati yao, Pieter Dourlein na Ben Ubbink, walitoroka gereza la Haaren wakapenya nchi mpaka Uswisi, wakatoa taarifa kwamba mtandao mzima uko mikononi mwa adui. Wajerumani wakawahi wakarusha kwa redio zile zile walizoteka kwamba hao wawili wamenunuliwa na Gestapo msiwaamini. Walipofika Uingereza mwanzoni mwa 1944, waliishia kufungwa. Yaani mtu ametoroka kifo akatembea nchi kadhaa kuja kuokoa wenzake, halafu anatiwa ndani na watu wake kwa neno la adui.

Ufaransa nako. Juni 1943 mtandao mkubwa wa Paris ulioitwa Prosper, chini ya Francis Suttill, unaanguka. Opereta wake Gilbert Norman anashikwa. Ujumbe unafika London kwa jina lake ukiwa hauna alama ya kweli. Unajua walimjibu nini? Walimkumbusha kwamba amesahau alama yake, awe makini. Wajerumani wakamwonyesha lile jibu. Mimi hapo huwa nafunga kitabu. Huyu mtu ameficha siri moja ya mwisho aliyobakiwa nayo, na ofisi yake yenyewe ndiyo imeitangaza kwa wanaomtesa.

Halafu Noor Inayat Khan. Amezaliwa Moscow 1914, baba yake Mhindi mwalimu wa Kisufi, amekulia Ufaransa, akapelekwa kwa ndege Juni 1943 kama opereta, jina la kazi Madeleine. Wiki moja tu baadae mtandao unaanguka, London inamwambia rudi, anakataa kwa sababu amebaki karibu peke yake wa kuwasiliana na London toka Paris. Akakimbia nyumba hadi nyumba na redio kwenye sanduku mpaka Oktoba walipomkamata baada ya kusalitiwa. Alijaribu kutoroka makao ya Gestapo Avenue Foch mara mbili. Wakampeleka gereza la Pforzheim, Ujerumani, akafungwa minyororo miezi mingi, na 13 Septemba 1944 akapigwa risasi kambi ya Dachau pamoja na wanawake wengine watatu.

Sasa sikilizeni hii. Mwanzoni mwa Oktoba 1943 London ilipata taarifa kupitia Uswisi kwamba Madeleine amepata ajali mbaya yuko hospitali, na kwa lugha ya kazi hiyo kila mtu anajua maana yake, amekamatwa. Aliyeleta habari alitajwa kwa jina Sonja. London haikumjua Sonja, ikaipuuza, ikaendelea kuongea na redio ya Noor miezi mingine wakati upande wa pili ni Wajerumani. Mwisho wa Februari 1944 ikaangusha kundi karibu na Chartres kwa mpango uliopangwa na redio hiyo hiyo, ndani yake France Antelme mzaliwa wa Mauritius, Lionel Lee na Madeleine Damerment. Gestapo walikuwa uwanjani wanawasubiri. Damerment ni mmoja wa wale watatu waliopigwa risasi siku moja na Noor.

Na Sonja mwenyewe? Alikuwa Sonia Olschanezky, binti wa Kiyahudi, mcheza dansi, aliyeajiriwa huko huko Ufaransa kwa hiyo London hakukuwa na aliyewahi kuonana naye. Alikamatwa 1944, na 6 Julai akauawa kambi ya Natzweiler na wenzake watatu kwa sindano ya sumu. Vita ilipoisha Vera Atkins, msaidizi wa Buckmaster, alikwenda Ujerumani kutafuta waliopotea (na kwa hili nampa heshima yake, kati ya watu 118 alipata mwisho wa 117). Lakini alipofika kwenye kesi ya Natzweiler, kwa maelezo ya mashahidi, maiti ya Sonia akaiandika kuwa ni ya Noor. Ilichukua muda mpaka ikarekebishwa. Aliyetoa onyo hakusikilizwa kwa sababu hajulikani, na alipokufa akapewa jina la yule aliyejaribu kumwombea msaada. Kila nikifika hapo nakosa la kusema.

NYONGEZA baada ya kusoma michango yenu:

Mkuu mmoja amesema Noor mwenyewe alikuwa mzembe, alihifadhi ujumbe wake wote kwenye daftari na ndiyo Wajerumani wakapata njia ya kumuigiza. Daftari ni kweli, lilikutwa. Ila mkuu jiulize nani alimpeleka. Walimu wake waliandika kwamba hafai, na Buckmaster akaandika pembeni kwamba huo ni upuuzi, akampeleka hivyo hivyo kwa sababu maopereta walikuwa hawatoshi. Ukimpeleka mtu ambaye wakufunzi wamekwambia hayuko tayari, halafu ukapuuza na onyo lililokuja baada ya hapo, huwezi kurudi kumlaumu kwa daftari.

Dada mmoja ameleta hoja nzito kuliko zote na naomba niijibu vizuri. Anasema tusihukumu kwa macho ya leo, maopereta walikuwa wanarusha wakiwa na baridi, njaa, wanaogopa magari ya kunasa mawimbi yanayozunguka mtaani, kwa hiyo walisahau alama mara kwa mara hata wakiwa huru, na kama London ingekata mawasiliano kila alama ikikosekana basi ingewatelekeza watu waliokuwa salama. Dada yangu hili nalikubali, ni kweli kabisa na ndilo jambo linalofanya huu mjadala uwe mgumu. Ila kati ya kukata mawasiliano na kutuma watu wapya kuna nafasi kubwa sana. Ungeweza kumuuliza swali ambalo ni yeye tu anajua jibu, kitu cha nyumbani, jina la mbwa wake utotoni. Ungeweza kusitisha kuangusha watu kwenye uwanja huo mpaka ajenti mwingine aende akaangalie kwa macho. Leo Marks, aliyekuwa anasimamia misimbo ya SOE (yaani maandishi ya siri ya ujumbe), ameeleza kwamba alianza kuwa na wasiwasi na Uholanzi kwa sababu ujumbe wa kule ulikuwa haukosewi kamwe, wakati mtu anayejificha lazima akosee. Kwa hiyo ndani ya jengo lile lile mashaka yalikuwepo na yalisemwa. Tunasema sikio la kufa halisikii dawa, lakini hapa sikio lilikuwa London na waliokufa ni wengine.

Wengine naona mmekimbilia njama, kwamba Churchill na wakubwa waliitoa Prosper makusudi ili Wajerumani waamini uvamizi unakuja 1943. Mimi siifuati hiyo. Mtoto wa Suttill mwenyewe, ambaye alikuwa na kila sababu ya kutafuta wa kumlaumu, alichimba nyaraka miaka mingi akafikia kwamba hakukuwa na njama. Na tume ya bunge la Uholanzi nayo ilichunguza baada ya vita, ikasema hakukuwa na usaliti London, kulikuwa na makosa. Naona watu wakisikia "makosa" wanapumua, kana kwamba mambo yamekwisha. Kwangu ndiyo yanaanza. Ukiamini njama basi kosa ni la wakubwa wachache wenye siri zao, lakini ukikubali ni makosa unabaki na mtu mwenye jina, kwenye meza yake, ana karatasi mbele yake isiyo na alama, na anaamua kuandika "pokea watu watatu". Hilo linaweza kujadiliwa, linaweza kuulizwa. Na hakuna aliyeulizwa mbele ya mahakama yoyote ya Uingereza. Aliyefikishwa mahakamani Paris 1948 ni Henri Déricourt, aliyekuwa anapanga ndege za kushusha maajenti huku ana mawasiliano na Wajerumani, na aliachiwa baada ya afisa wa zamani wa kitengo cha Ufaransa, Nicolas Bodington, kumtetea kwa ushahidi wake. Faili nyingi za SOE ziliungua kwa moto mwaka 1946, idara ikavunjwa, Buckmaster akabaki na nishani zake mpaka uzeeni.

Simwiti Buckmaster mtu mbaya. Naamini alitamani kuona watu wake wako hai na ndiyo sababu aliendelea kuamini redio zao zinaongea. Lakini kutamani kwake kulilipiwa na kina Damerment.

Kwa hiyo mnaotetea London naomba mnijibu hili moja bila kuzunguka. Uko Baker Street, Juni 1943. Umesikia Paris kuna kamata kamata. Ujumbe wa Norman umefika mezani, alama ya uongo ipo na ya kweli haipo. Wewe unamwandikia nini?