Mlima uliwahi kukugeuka? Tupeane uzoefu

#1
Wakuu, kazi yangu ni utabiri wa hali ya hewa. Kuna mtu alinipigia simu amelowa chapachapa, analalama: "Si ulisema jua!" Nilisema kweli, ila jua la bondeni. Yeye alikuwa mita 2,000 juu zaidi. Upepo ukifika mlimani hauna pa kwenda ila kupanda. Hewa ikipanda inatanuka, ikitanuka inapoa, kama nyuzi 10 kila mita 1,000, mpaka mvuke wake ugeuke wingu. Wingu linazaliwa palepale uliposimama, kwingine kote anga jeupe. Tangu siku ile siandiki "jua" bila kutaja ni la urefu gani. Haya, nani mwingine yalimkuta?

#2
Mimi hapa. Asubuhi hakuna hata kiwingu. Saa nne kikatokea kimoja kama pamba, tukakipiga picha. Saa sita kimekuwa mnara. Saa nane nywele za mwenzangu zimesimama wima na fimbo yake ya chuma inalia zzz kama nyuki. Tulizitupa fimbo tukashuka mbio, magoti hayana nguvu.

#1
Kilichowaokoa ni kushuka. Fimbo haiiti radi kihivyo; kinachoiponza roho ni wewe kuwa ndiwe mrefu kuliko vyote ukingoni. Jua linapasha miteremko tangu asubuhi, hewa inapanda, ndiyo maana radi za mlimani hupenda mchana. Hesabu sekunde toka mwanga hadi ngurumo: kila 3 ni kilomita 1. Ila ukishaisikia tu, uko ndani ya uwezo wake. Na kile kiwingu mlichokipiga picha ndicho kilikuwa utabiri wenyewe.

#3
Sisi tulipiga hema chini kabisa bondeni tukijua ndiko kwenye kinga. Asubuhi maji ya chupa yameganda. Waliolala mteremkoni juu yetu wanatuuliza mbona tunatetemeka!

#1
Usiku hewa baridi ni nzito, inateremka kama maji na kutuama shimoni. Mlilala kwenye bwawa.

#4
Niliona wingu kama sahani juu ya kilele, limetulia tuli. Nikasema leo kumetulia. Kufika ukingoni nikatambaa kwa magoti, upepo unataka kuninyang'anya begi.

#1
Hilo linadanganya wengi. Wingu limesimama, upepo unapita ndani yake: mbele linaumbwa, nyuma linayeyuka. Ukiliona, ujue huko juu upepo unavuma.

#5
Mimi nina swali tu. Nilipanda nikinyeshewa njia nzima. Nikavuka upande wa pili, nusu saa suruali imekauka. Mlima ni ule ule!

#1
Mvua yake hewa iliimwaga ulikotoka wewe. Huko ulikoshukia, nayo ilikuwa inashuka: inabanwa, inapata joto, inakuwa kavu. Suruali yako imekaushwa na hewa ileile iliyoilowesha.