Katalogi ya spea za trekta: kitabu cha kopi, pdf ya kununua, tovuti ya kampuni au za kina Sparex? Tulinganishe

Mkulima_Kiteto
Wakuu habari za saa hizi. Naomba tulijadili hili maana tulio mbali na mjini linatuumiza sana. Nina Massey Ferguson (MF) 385 niliinunua ikiwa imeshatumika, na bro wangu ana Ford 6610 ya zamani, zote zinapiga kazi huku Kiteto. Mvua zikikaribia ndo tunaanza kukimbizana na spea. Unampigia mtu wa duka Arusha au Dar unamwambia nataka klachi ya 385, anakuuliza ipi, pleti kubwa au ndogo, meno mangapi, fundi naye pembeni anakwambia we mwambie tu ya 385 ataijua. Inapakiwa kwenye basi inafika sio yenyewe, inarudi, inakuja nyingine, nauli inakwenda na trekta imelala shambani wakati wenzako wanapanda.

Nimeamua niwe na katalogi yangu mwenyewe niwe naagiza kwa namba. Nilizoziona mpaka sasa ni kitabu cha kopi anauza jamaa mmoja mjini, pdf zinazouzwa mtandaoni kwa dola, tovuti za kampuni zenyewe, na hizi katalogi za wanaotengeneza spea mbadala kama Sparex na Vapormatic. Aliyetumia zaidi ya moja naomba aseme ipi inasaidia kweli na ipi ni ya kupoteza hela.

Dizeli_Arusha
Mkuu kwanza hela ya pdf weka mfukoni. Massey Ferguson iko chini ya AGCO tangu 1994 na AGCO wenyewe wana tovuti yao ya vitabu vya spea inaitwa AGCO Parts Books, unaingia unachagua Massey Ferguson, unachagua modeli, inakufungulia makundi, injini, klachi, gia, hadroliki, ekseli ya mbele. Kila kundi lina mchoro vifaa vimetenganishwa kimoja kimoja kwa mpangilio wa kufunga, kila kifaa kina namba na chini kuna jedwali la pati namba. Kukiangalia tu hulipii kitu. Wanaouza pdf wengi wanakuuzia kurasa hizohizo, tena za zamani.

Faida kubwa ya tovuti ambayo kitabu hakina ni namba kubadilika. Kampuni ikirekebisha kifaa inabadilisha namba, kitabu cha kopi cha miaka ya nyuma kitakupa namba iliyokufa na duka litakwambia hakuna kumbe kipo kwa namba mpya.

Halafu jifunze kuzisoma. Namba ya Massey inakuwa na tarakimu nyingi, halafu M, halafu tarakimu tena. Ukiona inaishia M1 na nyingine ileile inaishia M2 ujue ni kifaa kilekile kimerekebishwa. Ikiishia M91, M92 na kuendelea hiyo ni seti iliyofungwa pamoja, sio kipande kimoja. Hapa watu wanapigwa sana, mtu anataka busha moja anauziwa mkono mzima, au anaagiza seti kinakuja kipande.

Tinga_Narok
Wakubwa naunga mkono tovuti, lakini niongeze kitu ambacho naona wengi hawafanyi, tinga yako imetengenezwa wapi? MF 385 unayoiona huku kwetu inaweza kuwa ya Coventry Uingereza ama ya Pakistan, Millat wa Lahore wanaitengeneza kwa leseni mpaka leo. Jina ni moja, rangi ni moja, lakini sio kila kifaa kinaingiliana. So kabla ufungue katalogi yoyote nenda na kitambaa upanguse kile kibati cha serial, upige picha, na upige picha ya namba ya injini iliyochapwa kwenye bloki pia. Hizo ni namba mbili tofauti na zote utahitaji.

Ya injini ni muhimu kabisa juu injini ni ya Perkins sio ya Massey, na Perkins wana katalogi yao. 385 ina A4.248, hiyo 4 ni silinda nne na 248 ni ukubwa wa injini kwa inchi za ujazo, za kina 135 na 240 ni AD3.152 na namba ya injini mara nyingi huanza na CE. Ukiwa na namba kamili ya Perkins hata mtu wa Nairobi hajaona tractor yako anakupa gaskiti sawa. Mimi picha hizo mbili ziko kwa simu, ziko kwa simu ya dereva, na nimeziandika kwa mlango wa stoo na rangi.

Mkulima_Kiteto
Tinga asante, hicho kibati kwangu kimeliwa na kutu nusu. Ntaanza na cha injini.

Duka_Gerezani
Niko upande wa pili wa meza nauza spea Kariakoo kwa hiyo niseme ninachokiona kwa mteja. Mteja akija na pati namba namhudumia kabla hajamaliza kuongea, akija na stori tunashinda naye. Lakini naomba mjue kwamba namba ya kampuni peke yake haitoshi kama kifaa orijino hakipo au bei yake imekushinda, na mara nyingi hali ndo hiyo. Hapo ndo katalogi za mbadala zinapofanya kazi. Sparex namba zao zinaanza na S, Vapormatic zinaanza na VP, na kwenye katalogi zao unaandika namba ya Massey au ya Ford wanakutajia namba yao inayolingana nayo. Pia wanakuandikia vipimo, klachi kwa mfano kipenyo ni inchi ngapi na meno ya katikati mangapi, kitu ambacho katalogi ya kampuni mara nyingi haikuandikii kabisa, inakupa namba tu basi.

Na hili neno mbadala watu wanalichukulia kama feki, sio. Sparex na Vapormatic zote zimetokea Exeter Uingereza, Sparex ilinunuliwa na AGCO mwaka 2010 na Vapormatic iko chini ya John Deere. Yaani wenye trekta wenyewe ndo wenye hizo kampuni. Feki ni ile boksi lenye jina la kampuni kubwa na ndani kitu cha mtaani, hiyo hata uwe na katalogi kumi haikuokoi, inakuokoa duka unaloliamini.

Upungufu wao nao upo. Wanajaza vitu vinavyoisha mara kwa mara, filta, klachi, pampu za maji, pini, mipira, taa. Ukitaka gia fulani ya ndani kabisa ya gia boksi au kipande cha hadroliki ambacho hakiharibiki kila siku, hutakikuta, utarudi kwa kampuni.

Fundi_Babati
Ndugu zangu mimi naona mnazunguka mbali. Fungua kifaa kibovu, osha, panda nacho basi nenda dukani ufananishe kwa macho. Ndivyo tulivyofanya miaka yote na matrekta yanatembea.

Dizeli_Arusha
Fundi shikamoo, na nakuheshimu ila hapa lazima tutenganishe. Kwa beringi, sili na mikanda uko sahihi tena hata basi hupandi, vimeandikwa. Beringi ikiandikwa 6205 ile 05 ya mwisho zidisha mara 5 unapata tundu la milimita 25, 6206 ni 30, 6208 ni 40. Ikiwa na 2RS ina mpira pande zote mbili, ZZ ina bati. Oili sili imeandikwa ubavuni mfano 35x52x7, ndani, nje na unene kwa milimita. Mkanda ukiandikwa B54 ni saizi B na urefu wa ndani ni inchi 54. Hivi vitu ni vya dunia nzima, usinunue vya bei ya trekta kama maandishi yanasomeka, nenda duka lolote la beringi.

Lakini ndani ya injini macho yanadanganya. Chukua Ford hizo za zamani, injini ya inchi 256 na ya inchi 268 zote pistoni ina upana wa inchi 4.4. Ukiziweka mezani ukapima upana unasema ni ndugu. Mwendo wa pistoni kupanda na kushuka ndo tofauti, ya 256 ni inchi 4.2 na ya 268 ni 4.4. Na 6610 ni hiyo ya 268. Sasa mtu akikubebea pistoni akapima upana tu na kalipa (kile kipimo cha kubana) akakwambia chukua ni hii, injini ukishaifunga ndo utajua, na hapo umeshalipa gaskiti, oili na ufundi. Injini, gia na hadroliki agiza kwa namba, usifananishe.

Fundi_Babati
Marahaba. Hapo kwenye pistoni nakubali. Ila kibovu msikitupe, mpeni mteja abebe na namba abebe, vyote viwili, maana kuna maduka namba hawaijui.

Ford_Mbeya
Sasa nimuongelee bro wako wa 6610 maana wote mmeng'ang'ania Massey. Ford wa zamani namba zao zilikuwa na akili sana, ukizielewa hata bila katalogi unajua umeshika nini. Herufi ya kwanza ni muongo, C ni miaka ya sitini, D ni ya sabini, E ni ya themanini, tarakimu inayofuata ni mwaka, NN ni trekta. Kwa hiyo C5NN ni kifaa kilichochorwa 1965, D8NN ni 1978. Katikati kuna namba ya aina ya kifaa, 7550 ni pleti ya klachi, 7563 ni presha pleti, na hiyo haibadiliki hata uende Ford gani. Herufi ya mwisho ndo inasema toleo.

Shida imekuja baada ya Fiat kuchukua matrekta ya Ford 1991 na kuwa New Holland, namba zikageuzwa zikawa tarakimu nane zinazoanza na 8. Chuma kina namba ya Ford, boksi lina namba ya New Holland, mteja anagoma anasema sio chenyewe kumbe ndo kilekile. Tovuti ya CNH, kampuni yenye New Holland sasa, inaonesha michoro na namba mpya, na katalogi ya Vapormatic au Sparex inakuwekea zote mbili mstari mmoja. Kwa Ford naipa ya mbadala ushindi, kwa Massey naipa ya kampuni. Hiyo ndo hukumu yangu na nimezitumia zote.

Wenye trekta za Farmtrac nanyi msikilize, Escorts wa India walikuwa wanatengeneza Ford 3600 kabla ya Farmtrac kwa hiyo kuna vifaa vinaingiliana, ila tafuta namba ulinganishe usikisie.

Dada_Uasin_Gishu
Nimesoma yote asanteni. Mimi natumia John Deere na katalogi yao ya mtandao iko wazi kwa kila mtu, unaweka modeli ama unaandika pati namba unaona inaingia wapi. Namba zao pia zina maana, ikianza na L ni ya Mannheim Ujerumani, R ni Waterloo Marekani, na ukiona A mbele kama AL ama AR hiyo ni seti. Kitu kimoja tu, michoro inakula bando na shambani kwetu network ni ya kubahatisha. Kila mwanzo wa mwaka nikiwa mjini nafungua zile kurasa za vitu vinavyoharibika sana, naprint kwa cyber naweka plastiki, ziko kwa faili moja kwa tractor. Operator wangu hasomi Kiingereza vizuri lakini mchoro anauelewa kuliko mimi, ananipigia ananiambia mama ni ukurasa wa klachi namba kumi na mbili, namaliza.

Pawatila_Mbarali
Na sisi wa pawatila, vile vitrekta vya kusukuma kwa mkono, je? Huku Mbarali zimejaa za Kichina, nyingine stika imebanduka hata jina hakuna, katalogi utaitoa wapi.

Dizeli_Arusha
Pawatila usihangaike na jina la pawatila, angalia injini. Hizi za silinda moja za Kichina zinafuata mtindo mmoja, S195 ni silinda moja upana wa milimita 95, R180 ni 80, ZS1115 ni 115. Ndo hizohizo ziko kwenye mashine za kusaga na za kupukuchua. Namba hiyo imechapwa kwenye kibati au kwenye bloki, ukiitaja duka lolote la injini hizo wanakupa pistoni, ringi, laina na nozo. Sehemu ya gia na visu huko nyuma ndo tatizo, huko kweli fuata ushauri wa Fundi wa Babati, beba kibovu.

Duka_Gerezani
Niongezee ya pampu ya dizeli nisisahau. Pampu ya CAV (jina la mtengenezaji wa pampu) kwenye Massey na Ford za zamani ina kibati chake peke yake ubavuni, usiniletee modeli ya trekta niletee namba ya hicho kibati. Na filta ya dizeli ya 296 inaingia Massey na Ford zote hizo za zamani, kwa hiyo wenye trekta mbili kama wewe nunua boksi zima la aina moja.

Mkulima_Kiteto
Wakuu nimekaa na simu tangu jana usiku. Namba ya injini nimeisoma baada ya kusugua na mafuta ya taa, kile kibati kilichobaki kinaonesha Pakistan kwa hiyo Tinga ulikuwa sahihi kuuliza. Kurasa za klachi na hadroliki nimezifungua kwa AGCO, namba nimezipeleka kwenye katalogi ya Sparex nikapata na vipimo. Kesho fundi anafungua tupime pleti na kuhesabu meno kabla sijaagiza, vikilingana natuma hela. Kitabu cha kopi sikinunui. Duka wa Gerezani nakutumia namba zote na picha PM, niambie ipi unayo na bei ya kufika Kibaya.

Tinga_Narok
Kama ni ya Pakistan usisimame kwa AGCO peke yake, Millat wana parts catalogue yao, linganisha hizo namba za hadroliki hapo pia kabla utume pesa. Na ukipima pleti pima zote mbili, ya kutembeza na ya PTO (shafti ya nyuma inayozungusha mashine), meno yake hesabu kila moja kivyake.

Duka_Gerezani
Nimeziona PM. Pleti zote mbili ninazo, pima kwanza kesho nisubirie jibu lako saa nne, basi la jioni linawahi.