Matembezi ya majengo ya zege ya miaka ya 50 hadi 70: Iringa, Mbeya au tushuke Dar tu?

Mnyalu wa Kihesa (mleta mada)

Kamwene wakuu. Mwezi wa nane nina likizo fupi, na nitakuwa na wageni: mdogo wangu anayesomea usanifu majengo, pamoja na mwenzake wa chuo. Wanataka kuona majengo ya zege, yale ya kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1950 mpaka sabini na kitu. Wanataka kutembea kwa miguu, na wawe na mtu wa kuwaongoza anayejua anachokisema. Siyo yule wa kunyoosha kidole, "hili jengo la zamani sana," halafu mnaendelea mbele.

Nimefikiria njia tatu. Tubaki hapa hapa Iringa na tutafute mwenyeji pale Boma. Tupande basi kwenda Mbeya, maana nasikia stesheni ya TAZARA (reli ya Tanzania na Zambia) peke yake inatosha nauli. Au tushuke Dar kwa hawa DARCH, kituo cha urithi wa majengo pale Boma la Kale, ambao kazi yao ndiyo hiyo. Hela siyo ya kumwaga, na mmoja wao basi linamtesa. Waliowahi kutembea hivi, nipeni uzoefu.

Miyomboni Mjini

Mkuu, unahangaika na nini na uko Iringa? Anza na Boma. Ni makumbusho ya mkoa, jengo lenyewe la Mjerumani, na wahudumu wa pale wanaujua mji. Waambie mapema unataka kuzungushwa mjini, siyo kuangalia vitu vya ndani tu. Kutoka pale mnapita mnara wa kumbukumbu ya Majimaji, mnaingia mitaa ya maduka ya Wahindi, mnaiona jamatkhana ya Ismailia yenye mnara wa saa, mnamalizia soko kuu. Asubuhi moja inatosha, na mguu hauchoki. Mchana mnakaa Neema Crafts mnapata kahawa. Pale wanaohudumu wengi ni viziwi, kwa hiyo oda unaandika kwenye karatasi, na mkipenda mnaoneshwa karakana pia.

Malipo mpatane kabla hamjaanza kutembea.

Asiyekubali Haraka

Miyomboni, umejibu vizuri swali ambalo hajauliza. Boma ni la Mjerumani, soko na jamatkhana ni mambo ya zamani zaidi. Jamaa anataka zege la miaka ya Uhuru. Wageni wake watazungushwa asubuhi nzima, watasikia habari za Mtwa Mkwawa na vita ya Lugalo ya 1891 (nzuri, sikatai), halafu watauliza, "sasa yale majengo yetu yako wapi?"

Kalenga Yetu

Msiwanyime makumbusho ya Kalenga jamani! Fuvu la Mkwawa lilirudishwa 1954, na gavana Twining mwenyewe ndiye aliyelileta. Mtu akifika Iringa asipopita Kalenga amefika wapi?

Asiyekubali Haraka

Kalenga ni historia, mkuu, ila uzi ni wa majengo.

Nilisoma Mkwawa

Nashangaa hakuna aliyetaja Mkwawa, namaanisha chuo. Zege la enzi hizo mnalo hapo hapo mjini. Ile shule Mwingereza aliijenga mwishoni mwa miaka ya 1950 kwa ajili ya watoto wa Kizungu, ikiitwa St Michael and St George. Fikirieni, Uhuru umebakiza miaka michache tu, na bado mtu anamwaga pesa nyingi kwenye shule ya bweni ya watoto wa walowezi. Baada ya Uhuru ikawa sekondari ya Mkwawa, na tangu 2005 ni chuo kishiriki cha elimu cha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam.

Kwa mwanafunzi wa usanifu, pale pana somo kuliko mitaa ya mjini, kwa sababu ni eneo zima lililopangwa kwa mpigo mmoja. Mjini kila duka lina mwenye nalo na kila mwenye nalo ameongeza lake. Pale mtu mmoja alikaa na karatasi akaamua bweni liangalie wapi, ukumbi ukae wapi na mtoto atembee umbali gani kutoka kitandani mpaka darasani. Mambo hayo huyaoni kwenye picha, unayaona kwa miguu.

Tatizo ni geti. Usiende na wageni na kamera ukategemea mlinzi akuonee huruma. Mdogo wako aombe barua kwenye idara yake, uipeleke utawala siku kadhaa kabla. Na kiongozi wa pale Boma hana mamlaka ya kukuingiza chuoni, kwa hiyo hizo ni ratiba mbili tofauti.

Mwanjelwa Kwetu

Sasa niseme ya Mbeya, maana naona Wanyalu wa Iringa wameshika kipaza sauti.

Stesheni ya TAZARA ya Mbeya haina mpinzani Nyanda za Juu. Reli ilianza kujengwa 1970, ikakamilika 1975, kilomita 1,860 kutoka Dar mpaka Kapiri Mposhi. Sababu mnaijua: Rhodesia ya Ian Smith ilijitangazia uhuru 1965, na Zambia ikabaki na shaba yake bila njia ya kuaminika kwenda baharini. Mchina akakopesha bila riba na akaja kujenga. Unapoingia ule ukumbi wa abiria unaona kabisa waliojenga hawakuwa na mawazo ya kistesheni cha mkoani. Dari liko juu, madirisha makubwa, mwanga unaingia mpaka katikati ya sakafu, na mbele uwanja mpana ambao hata mabasi kumi yasingeujaza. Jengo linasema nchi imefika mahali. Leo siku isiyo na treni unasikia mlio wa viatu vyako mwenyewe.

Ushauri wangu: shika ukingo wa ngazi, angalia sakafu ilivyolika katikati na ilivyobaki mpya pembeni. Hapo unajua watu wamepita.

Mjini kwenyewe tembeeni Uhindini. Nyumba nyingi za wafanyabiashara, duka chini familia juu, zingine za zamani kabisa tangu mji ulipochipuka enzi za dhahabu ya Lupa, zingine zimeongezwa ghorofa baadaye. Usitarajie usafi wa mtindo. Kila jengo lina bango la simu limefunika nusu ya sura yake.

Kuhusu kiongozi, sitadanganya: wa majengo hatuna. Waongoza watalii wa Mbeya watawapeleka mlima Loleza, ziwa Ngozi, kimondo cha Mbozi. Ukimwambia unataka kuangalia zege atakuuliza kama wewe ni mkandarasi. Mimi ningetafuta mzee aliyestaafu reli. Wapo wengi maeneo ya Iyunga, ulizia tu kwa adabu. Mzee wa namna hiyo hatakwambia mtindo unaitwaje, ila atakwambia chumba cha simu za treni kilikuwa wapi, nani alikaa wapi, na kwa nini mlango ule umefungwa.

Halafu picha. Stesheni ni mali nyeti. Nenda kwa mkuu wa kituo kwanza, jitambulishe, omba. Ukianza kupiga kabla ya kusalimia utamaliza siku unaeleza wewe ni nani.

Fundi Terazo

Naunga mkono hoja ya Mwanjelwa Kwetu, ila niongeze la kiufundi, maana mada hii inanigusa mfukoni na moyoni.

Hao vijana wakifika huku Nyanda za Juu waangalie kitu kimoja: namna jengo linavyoshughulika na jua na baridi. Yale majengo ya miaka hiyo yana vitu vinavyofanana nchi nzima. Mapezi ya zege nje ya madirisha kuzuia jua, kuta za tofali za maua zenye matundu ya kupitisha hewa, vibaraza virefu. Dar vitu hivyo ni uhai. Huku mwezi wa sita na wa saba asubuhi unavuta pumzi na inatoka moshi, sasa ukuta wa matundu unakusaidia nini? Ndiyo maana ukizunguka ofisi za zamani utakuta matundu yamezibwa. Wengine wameziba kwa saruji, wengine kwa kioo, nimeona hata maboksi. Yule mchoraji alichora vizuri, ila alichorea Pwani.

Na lingine. Mbeya iko karibu nyuzi 9 kusini mwa ikweta. Mwezi wa sita jua la mchana linapita upande wa kaskazini, mwezi wa kumi na mbili linapita kusini kidogo. Kwa hiyo dirisha la kaskazini ndilo linalopata jua wakati wa baridi, wakati hasa mnapolitaka. Ukikuta jengo lina mapezi mazito upande wa kaskazini, nenda ukamuulize karani anayekaa ndani mwezi wa saba anavaa makoti mangapi. Lenye vyumba vya kukaa watu upande wa kaskazini na stoo na ngazi upande wa kusini, huyo aliyechora alifika huku kabla hajashika kalamu.

Terazo nayo wasiikanyage tu. Ni vipande vya mawe vilivyochanganywa na saruji, vikamwagwa kati ya vipande vyembamba vya kugawia ili sakafu isipasuke ovyo, vikakauka, halafu vikasagwa kwa mashine na kung'arishwa. Kazi ya vumbi na maji, siku nyingi. Leo mteja anakwambia weka tailizi, na hiyo tailizi baada ya miaka mitano imeinuka. Terazo ya mwaka 1970 unaisaga upya inarudi kama juzi. Na penye zege lisilopigwa lipu waangalie karibu, wataona alama za mbao zilizofungwa siku ya kumwaga, mpaka macho ya ubao yanaonekana.

Dada Upanga

Niko Dar ila kwetu Mafinga, nitasema bila upendeleo. Kama lengo ni *kiongozi*, hakuna ubishi, ni Dar. DARCH wako Boma la Kale, jengo la Sultani Majid la miaka ya 1860, na matembezi yao yanaongozwa na watu wanaoweza kujibu swali la mwanafunzi wa usanifu. Kama lengo ni *majengo*, pia Dar ina wingi. Msanifu Anthony Almeida peke yake anajaza siku: Maktaba Kuu ya Taifa ya 1967, mengine yamesambaa mjini. Beda Amuli, anayetajwa kuwa Mwafrika wa kwanza kuwa msanifu majengo Afrika Mashariki, ndiye wa soko la Kariakoo, lile lenye miavuli ya zege iliyoelekea juu kukinga maji ya mvua. Liliungua Julai 2021, kwa hiyo ulizeni kwanza mtaona nini kabla ya kulifanya kilele cha safari.

Ila kuna hasara. Dar mnatembea ndani ya foleni, jua, honi, na kila jengo la pili limezungushiwa mabati wanataka kulibomoa wajenge ghorofa ishirini. Na mwanafunzi wa usanifu Dar ataenda tu siku moja, akipenda asipende. Mbeya nani atampeleka?

Kiboko ya Mada

Yaani watu wazima wanapanda basi kwenda kuangalia zege. Nendeni hifadhi ya Kitulo mkaone maua.

Mwanjelwa Kwetu

Mwezi wa nane Kitulo hakuna maua mkuu, ni majani makavu na baridi. Subiri mvua.

Asiyekubali Haraka

Dada Upanga kamaliza. Mimi ningesema hivi mleta mada: usitafute mtu mmoja wa kuwaongoza kila mahali. Iringa mtu wa Boma kwa ajili ya mji, barua kwa ajili ya Mkwawa. Mbeya mstaafu wa reli asubuhi na, kama Fundi Terazo yuko tayari, fundi mchana. Mwanafunzi atasikia mambo ambayo mhadhiri wake hayajui.

Fundi Terazo

Niko tayari. Soda tu. Ila Jumapili sipo, niko kanisani.

Mnyalu wa Kihesa (mleta mada)

Asanteni sana wakuu. Dar nimeiacha. Nimeongea na dogo, aliposikia habari ya madirisha ya kaskazini akasema hilo ndilo anataka kupima, anakuja na dira na kipimajoto. Tunaanza Iringa siku mbili, Boma na Mkwawa kama barua itajibiwa, halafu Mbeya. Asiyependa basi tumemwahidi kiti cha mbele. Swali la mwisho: TAZARA twende siku yenye treni au isiyo na treni?

Miyomboni Mjini

Isiyo na treni. Mtatembea kwa nafasi.

Mwanjelwa Kwetu

Hapana. Nendeni siku yenye treni. Ukumbi ule ulichorwa kwa ajili ya watu mia kadhaa na mizigo yao, ukiuona mtupu utadhani walikosea vipimo. Akina mama na ndoo za parachichi, watu wamelala kwenye magunia, watoto wanakimbizana, hapo ndipo lile dari linaeleweka. Pigeni simu stesheni muulize ratiba ya wiki hiyo *kabla* hamjakata tiketi ya basi, maana treni ina mambo yake. Kutoka mjini pandeni daladala za Mbalizi, mwambieni konda awashushe Tazara, na mfike masaa mawili kabla ya treni.