Chalbi kwa filamu nyeusi na nyeupe: nipime mwanga vipi?

Kijana_wa_Umoja: Habari zenu. Mwezi ujao naelekea Marsabit, kisha Kalacha, na kamera yangu ya filamu, ISO 100 (filamu inayohitaji mwanga mwingi). Hapa Nairobi nimezoea kupiga mitaani. Hakukosi ukuta, matatu au mtu wa kushikilia picha. Sasa jangwa tupu la Chalbi, chumvi hadi upeo wa macho, mtu unaanzia wapi? Na mwanga?

BabaLenzi: Mwanga kwanza. Kipimo cha kamera hudhani kila kitu ni kijivu. Kikiona chumvi nyeupe kitakupunguzia mwanga, na Chalbi yako itatoka imefifia. Pima chumvi yenyewe, kisha ongeza hatua moja na nusu; kila hatua ni mwanga mara mbili. Kikisema f/16, fungua tundu la lenzi hadi kati ya f/11 na f/8.

Halafu saa. Kule ni karibu sana na ikweta, saa sita jua liko utosini na ardhi inalala bapa. Alfajiri kabla jua halijatoka uwe umeshasimama kwenye chumvi. Likichomoza, inama. Chalbi ilikuwa ziwa hapo kale. Maji yalikauka yakaacha tope na chumvi, na tope limepasuka vipande vipande, kingo zimejikunja kama ukoko wa ugali ukibanduka sufuriani. Jua la pembeni linajaza kivuli kila ufa, na chini ya kila ukingo unaona uzi mwembamba wa giza. Hicho ndicho cha kushikilia picha yako, kijana! Lenzi pana, kamera chini kabisa, anga uipe kipande kidogo tu. Naipenda picha hiyo kuliko ya ngamia yeyote.

Binti_Isiolo: Mzee, mchana nao usiutupe. Kuna mazigazi. Kwa lenzi ya kuvuta mbali, milimita 200, msafara wa Wagabra, wafugaji wa huko, ukiwa mbali, miguu ya ngamia inayeyuka, miili inaelea. Ila wakifika karibu, omba ruhusa kwanza.

BabaLenzi: Hapo umesema kweli, binti yangu. Kijana, kwa kukoleza anga filta ya njano inatosha, nyekundu inakula hatua tatu za mwanga. Roli ya filamu badilishia ndani ya gari, vioo vimefungwa. Punje moja ya mchanga ikiingia inachora mstari filamu nzima. Na kama mvua imenyesha, dereva asitoke njiani. Juu panaonekana pakavu, chini ni tope, na gari likizama huko utasubiri sana.